Bibi Walburga Hapigi Goti

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Adela alikuwa na kazi tatu: kufagia uwanja, kukoroga uji na kumsaidia bibi yake kuamka. Kazi mbili za kwanza alizimaliza upesi. Ya tatu ilizidi kuwa ndefu mwezi baada ya mwezi.

Bibi Walburga alianza kwa kuketi ukingoni mwa kitanda. Kisha alishika bega la mjukuu wake, akauma meno na kujiinua. Mguu wa kulia ulikuwa umegoma. Maumivu yalianzia kwenye nyonga, yakashuka pajani hadi karibu na goti. Akitembea, alipinda upande mmoja kama mtu aliyebeba ndoo nzito.

"Usinivute kama gunia la mahindi," alisema asubuhi moja. "Subiri nijipange."

"Uji unaungua, bibi."

"Uache uungue. Una safari ya wapi huo uji?"

Adela alicheka. Bibi naye alicheka, lakini kicheko chake kilikatika alipokanyaga chini.

Wawili hao waliishi Mshangano, pembezoni mwa mji wa Songea. Adela alikuwa na umri wa miaka kumi na miwili na alisoma darasa la sita. Mama yake alikuwa amefariki. Baba yake, Aidan, alifundisha shule ya msingi katika Wilaya ya Nyasa na alirudi nyumbani wakati wa likizo. Nyuma ya nyumba yao palikuwa na shamba lililoshuka hadi bondeni. Lilikuwa shamba la ukoo. Marehemu Babu Pankrasi alilipata kwa baba yake, na Bibi Walburga alikuwa amelilima tangu alipoolewa. Lakini msimu uliopita hakuweza kulilima, na magugu yalikuwa yamelimeza.

Mwezi wa tisa, Mzee Romanus alifika kuwatembelea. Alikuwa kaka mkubwa wa marehemu Babu Pankrasi na ndiye aliyeshika mambo ya ukoo. Bibi alimwamkia kwa kupiga magoti, kama walivyofanya wanawake wa ukoo ule mbele ya wakubwa. Aliweka magoti yote mawili chini, akakalia visigino, akainamisha kichwa mbele. Kushuka kulimtoa jasho. Kuinuka kulimshinda kabisa, hata Adela akaja kumnyanyua.

Mzee Romanus aliyatazama yote hayo. Alipomaliza togwa yake, aliweka kikombe chini.

"Shemeji, mimi sipendi maneno mengi. Shamba la ukoo halilazwi misimu miwili. Aidan ameajiriwa, halimi. Mwanangu Egidi ameoa, na mahali pa kulima hana. Mvua za kwanza zikikukuta bado unachechemea, shamba nampa Egidi."

"Na mimi nile nini, shemeji?"

"Utapewa chakula. Hutalala njaa."

Alipoondoka, Bibi alikaa muda mrefu akilitazama shamba. "Nimelilima tangu meno yangu yote yakiwa mdomoni," alisema. "Leo nipewe chakula kama mgeni."

Juma lililofuata, Aidan aliomba ruhusa kazini, akampeleka mama yake hospitali. Adela aliandamana nao. Daktari bingwa wa mifupa alitundika picha ya eksirei mbele ya taa na kuwaonyesha.

"Hapa ndipo paja linapoungana na kiuno," alieleza. "Kichwa cha mfupa wa paja ni cha mviringo. Huzunguka ndani ya kikombe cha mfupa wa nyonga. Kati yake huwa kuna gegedu, ule mfupa laini kama unaotafunwa kwenye kidari cha kuku. Gegedu la mama limelika lote. Sasa mfupa unasaga mfupa."

"Kumbe si mtu aliyenifanyia," Bibi alinong'ona.

"Hapana, mama. Ni ugonjwa, na unatibika. Tutakata kile kichwa kilicholika na kuweka nyonga bandia."

Bibi Walburga aligeuka. "Bandia?"

"Ndiyo."

"Adela, chukua mkoba wangu, twende nyumbani." Alishika ukingo wa meza ili asimame. "Mwaka juzi niliuziwa mbegu bandia, haikuota hata moja. Yule aliyeniuzia angalau aliona aibu, hakunitajia. Huyu ananitangazia bandia mchana kweupe, tena amevaa koti jeupe!"

Aidan aliinama kwa aibu. Aliyecheka alikuwa mwanamke mmoja aliyeketi kando ya daktari. Aliitwa Shakila, mtaalamu wa mazoezi ya viungo, mwenyeji wa Namasakata wilayani Tunduru. Alisogeza kiti chake karibu na Bibi.

"Mama, una haki ya kuogopa. Neno hilo lina kazi mbili. Mbegu bandia ni ya uongo, inajifanya kitu ambacho sicho. Nyonga hii haijifanyi mfupa. Ni chuma na plastiki ngumu, na sisi tunakwambia wazi kwamba ni chuma na plastiki. Imetengenezwa kufanya kazi ya ile iliyolika."

Bibi alifikiri. "Nitalala usingizi?"

"Mara nyingi tunachoma sindano ya ganzi mgongoni," daktari alijibu. "Kuanzia kiunoni kwenda chini hutasikia maumivu. Upasuaji huchukua saa moja hadi mbili. Kesho yake tutakusimamisha."

"Kesho yake! Mguu umekatwa jana?"

"Kesho yake, inshallah," alisema Shakila. "Mimi ndiye nitakayekusimamisha, na utanichukia."

Bibi aliuliza swali lake la mwisho, lile aliloona kuwa kubwa kuliko yote. "Nitalima lini?"

Daktari hakumficha. "Baada ya miezi mitatu hivi, tukikupima na kuona umepona vizuri, utaanza kazi nyepesi. Utatumia jembe la mpini mrefu, ukiwa umesimama wima. Kazi nzito utawaachia wengine. Ukiharakisha, nyonga inaweza kuchomoka."

Adela alihesabu moyoni. Huo ulikuwa mwanzo wa mwezi wa kumi. Mvua za kwanza zingewahi kufika kuliko ruhusa ya daktari.

Upasuaji ulifanyika wiki iliyofuata na ulikwenda vizuri. Kesho yake Shakila alimsimamisha Bibi kwa magongo. Bibi alimwita jina moja baya la Kingoni, wagonjwa wa vitanda vya jirani wakacheka, na Shakila akajibu kwamba amelisikia na amelisamehe. Bibi alichomwa sindano za kuzuia damu isigande miguuni. Kidonda kilisafishwa na kutazamwa kila mara. Kabla ya kumruhusu, Shakila alimwita Adela na kumweleza masharti kwa ukali wa mwalimu.

"Bibi asikae kwenye kigoda. Goti lisipande juu kuliko nyonga. Asichuchumae, asikunje nne, asiiname kuokota kitu. Akilala, aweke mto katikati ya miguu. Kidonda kikivimba, kikitoa maji au akipata homa, mlete siku hiyo hiyo. Shavu la mguu likivimba na kuuma, au akishindwa kupumua vizuri, usisubiri hata kidogo. Umeelewa?"

"Nimeelewa, dada."

"Na kupiga magoti?"

Adela alisita. "Hata kwa wakubwa?"

"Hata kwa askofu. Akikunja nyonga, akakalia visigino na kuinama mbele, lile gololi la chuma, yaani kichwa kipya cha mfupa, litatoka kwenye kikombe chake. Nyama zinazolishikilia bado hazijashika. Likitoka, msimvute, msiuguse mguu, msimpe chochote anywe; mleteni upesi."

Nyumbani, Aidan alimwita fundi seremala. Fundi aliongeza miguu ya kiti cha Bibi. Kiti kingine alikitoboa katikati na kukiweka juu ya tundu la choo, ili Bibi asichuchumae. Kisha Aidan alirudi kazini. Adela alipika, alifua, alimvisha Bibi soksi na kuhesabu naye mazoezi jioni. Mguu ulipata nguvu siku hadi siku. Yale maumivu ya zamani, yaliyomwamsha usiku, hayakurudi. Bibi alianza kuimba tena akipembua maharage.

Majirani hawakukosa la kusema. Leticia, aliyekaa dawati moja na Adela, alimtania mbele ya wenzake.

"Bibi yako siku hizi amepanda cheo. Anakaa juu kama askofu, watu wazima wanakuja anawaamkia kwa mkono!"

"Daktari amemkataza kuinama."

"Mama anasema ni maringo ya chuma."

Darasa lilicheka. Maneno yale yalimkaa Adela.

Mwishoni mwa mwezi wa kumi na moja, mawingu yalisimama juu ya milima ya Matogoro na mvua ya kwanza ikalowesha udongo. Asubuhi ya pili, Mzee Romanus alifika pamoja na Egidi. Egidi alibeba jembe begani. Hakungoja kukaribishwa. Alipita moja kwa moja nyuma ya nyumba na kuanza kupima shamba kwa macho.

Bibi alikuwa ndani akivaa. Adela alitoka mbio, akapiga magoti.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba. Bibi yako yuko wapi? Amepona au hajapona?"

Lilikuwa swali fupi. Adela alimtazama Egidi, aliyekuwa tayari ameinama kung'oa magugu. Alimkumbuka Bibi akisema atapewa chakula kama mgeni. Jibu likatoka kabla hajalipima.

"Amepona kabisa, babu. Daktari amesema anaweza kufanya kazi zote. Wiki ijayo anaanza kulima."

Mlango ulilia. Bibi Walburga alikuwa amesimama kizingitini na fimbo yake. Alikuwa amesikia kila neno. Alifungua mdomo ili aseme. Kisha macho yake yalikwenda shambani, yakamwona Egidi, na mdomo ukafungwa.

"Shikamoo, shemeji," alisema.

Mzee Romanus hakuitikia. Alimtazama kuanzia kichwani hadi miguuni.

"Mtoto anasema umepona kabisa."

"Ndiyo, shemeji."

"Kazi zote unaweza."

"Naweza."

"Basi mbona unaniamkia umesimama kama mlingoti wa bendera? Au hicho chuma bandia kimekufundisha dharau?"

Adela alijua kilichopaswa kusemwa. Alikuwa na maneno yote ya Shakila kichwani, neno kwa neno. Lakini akiyasema, uongo wake ungeonekana pale pale, na shamba lingekwenda. Alikaza macho chini.

Bibi aliegemeza fimbo ukutani. Alishuka taratibu. Goti la kushoto lilifika chini, kisha la kulia. Alikalia visigino. Alipoinamisha kichwa mbele, ulisikika mlio mmoja mfupi, kama wa kuni kavu inayovunjwa.

Bibi alipiga kelele. Adela hakuwahi kuisikia sauti ile, hata katika miaka yote ya maumivu. Bibi alianguka ubavu. Mguu wa kulia uligeukia ndani na kuonekana mfupi kuliko wa kushoto.

"Msimvute!" Adela alipaza sauti, Mzee Romanus alipotaka kumnyanyua. "Msiuguse mguu! Na msimpe chochote anywe!" Sasa maneno ya Shakila yalitoka yote, lakini yalikuwa yamechelewa.

Egidi alitupa jembe na kukimbia kutafuta gari. Jirani alitoa lake. Walimbeba Bibi juu ya godoro. Njia nzima alishika mkono wa Adela kwa nguvu.

Hospitalini, picha ya eksirei ilionyesha kuwa gololi la chuma limetoka kwenye kikombe. Madaktari walimpa Bibi dawa ya usingizi, wakauvuta mguu kwa utaratibu na kulirudisha mahali pake bila kupasua upya. Ilikuwa bahati. Lakini nyama zilizoanza kushika zilikuwa zimechanika, na hesabu ya miezi mitatu ilianza tena kutoka mwanzo. Zaidi ya hapo, nyonga iliyochomoka mara moja ilihitaji kulindwa zaidi ya ile ambayo haijawahi kuchomoka.

Nje ya wodi, Mzee Romanus alitembea huku na huko.

"Nilisema mimi," alimwambia Shakila alipotoka. "Bandia ni bandia tu. Mmemdanganya mwanamke wa watu kwamba amepona, mkamrudisha nyumbani na kitu kibovu."

"Nani alikwambia amepona, mzee?"

"Nyinyi. Daktari alisema anaweza kazi zote."

Shakila alimgeukia Adela. Alisubiri tu.

Mzee Romanus alikuwa amempa njia ya kutokea bila kujua. Angenyamaza, lawama ingebaki kwa hospitali. Kisha akamkumbuka Bibi kizingitini, akifungua mdomo na kuufunga kwa ajili yake.

"Daktari hakusema hivyo, babu," alisema. "Nilisema mimi. Nilikudanganya. Daktari alisema miezi mitatu. Dada Shakila aliniambia bibi asipige goti hata kwa askofu. Nilijua, nikanyamaza."

"Kwa nini?"

"Ulisema utampa Egidi shamba."

Mzee Romanus aliketi kwenye benchi. Kwa mara ya kwanza alionekana mzee kweli.

"Ungesema hivi asubuhi," alisema polepole, "ningempa Egidi msimu huu peke yake, na mavuno wangegawana na bibi yako. Mimi ni mkali, lakini si mnyama. Sasa nimemwangusha mke wa marehemu mdogo wangu kwa mdomo wangu mwenyewe, na wewe ndiye uliyenipa sababu."

"Mzee, sehemu yako ibebe mwenyewe," alisema Shakila kwa upole, lakini bila kutabasamu. "Mgonjwa aliyepasuliwa juzi haulizwi heshima yake kwa magoti." Kisha akamshika Adela bega. "Na wewe nisikilize. Bibi yako aliikimbia nyonga hii kwa sababu ya neno bandia. Nyonga haikuwa na kosa. Ilikuwa ngumu, ilikuwa nzuri, ilikuwa inafanya kazi yake. Kilichokuwa bandia ni maneno yako. Ulisema amepona ili umsaidie, na mwili wake ukalazimika kuuthibitisha uongo wako. Mgonjwa hulindwa na ukweli, hata kama ukweli huo unaumiza watu wazima. Kumwambia mkubwa kwamba daktari amekataza si utovu wa adabu. Ndiyo adabu yenyewe."

Adela alilia. Hakuna aliyemwambia anyamaze.

Bibi alipoamka, hakumgombeza. Hilo lilimuumiza Adela zaidi. "Na mimi nilikusikia nikakaa kimya," Bibi alisema huku akitazama dari. "Tulidanganya wawili. Aliyevunjika ni mmoja."

Aidan alirudi, na mambo yalizungumzwa mbele ya mwenyekiti wa mtaa. Iliamuliwa kwamba Egidi angelima msimu ule, kwa kuwa alikwisha kununua mbegu na mvua haikusubiri. Msimu wa pili, shamba lingerudi kwa Bibi Walburga ikiwa angeweza kusimama ndani yake. Kuhusu kugawana mavuno, hakuna aliyezungumza, na Aidan hakuwa na uso wa kudai.

Ulikuwa msimu wenye mvua nzuri. Mahindi ya Egidi yalirefuka hadi yakaifunika njia ya bondeni. Bibi aliyatazama kila siku kutoka kwenye kiti chake kirefu. Hakuimba tena akipembua maharage. Adela alimhesabia mazoezi jioni, akamwekea mto kila usiku, na kila mgeni alipoingia alimwambia mapema mlangoni, "Bibi hapigi goti. Daktari amekataza." Wengine walinuna. Adela alirudia hivyo hivyo. Hata mama yake Leticia aliambiwa, na alikaa kwenye kigoda yeye mwenyewe bila neno la maringo. Mavuno yalipofika, magunia yalipita mbele ya mlango wao yakienda kwa Egidi, na wao walinunua unga dukani.

Mwezi wa kumi na moja ulirudi. Mawingu yalisimama tena juu ya Matogoro. Asubuhi moja Mzee Romanus alifika peke yake, akamkuta Bibi Walburga shambani. Alikuwa amesimama wima, mkononi ana jembe lenye mpini mrefu unaomfika kifuani. Mkwe wa jirani, aliyeombwa kusaidia kazi nzito, alikuwa akikata matuta upande wa bondeni.

"Shikamoo, shemeji," alisema Bibi. Hakushuka.

Mzee Romanus hakuitikia mara moja. Alimtazama, kisha alimgeukia Adela, aliyekuwa amebeba bakuli la mbegu.

"Amepona au hajapona?"

Lilikuwa swali lile lile. Adela alipiga goti kwanza, kisha akainua uso.

"Nyonga imepona, babu. Anatembea bila maumivu. Lakini kuinama kulima hawezi, gunia hawezi kubeba, na goti hatapiga tena maisha yake yote. Tukimlazimisha, itachomoka. Daktari amesema hivyo, nami nimemsikia kwa masikio yangu."

Upepo ulipita kwenye mabua makavu aliyoyaacha Egidi. Mzee Romanus alivua kofia yake.

"Marahaba, shemeji," alisema. Kisha akageuka na kupanda njia ya kurudi kwake.

Bibi Walburga alichimba shimo la kwanza kwa jembe lake refu, bila kuinama.

"Jibu hilo ungelitoa mwaka jana, mjukuu wangu, leo tungekuwa tunakula mahindi yetu," alisema. "Ukweli uliochelewa umetugharimu msimu mzima, na msimu huo haturudishiwi na mtu. Usisahau. Haya, tia mbegu."

Adela aliinama kwa niaba ya wote wawili, akatia mbegu na kuifukia.